Binti yangu ataka harusi ya tamthilia: je, vipindi vyaweza kubadilisha watu?

Swali: Assalaam aleikum, Mwalimu. Mimi ni mama wa Langoni, Lamu. Binti yangu mkubwa ataolewa Mfunguo Tatu, in shaa Allah. Kila jioni yeye na wenzake hutazama tamthilia za Kituruki zilizotiwa sauti ya Kiswahili, na zikiisha ni simu mpaka usiku wa manane. Sasa ataka gauni jeupe, ukumbi wa kukodi, keki na mpiga video wa kutoka Mombasa. Vugo, ngoma yetu ya wanawake ya harusini, hataki, asema ni mambo ya kizee. Mdogo wake, ana miaka 11, azungumza kama mtoto wa Dar es Salaam na ameniomba nimfungulie TikTok. Kakangu aniambia niuze televisheni kabla nyumba haijaharibika. Nataka kujua: hivi vipindi vina nguvu kweli ya kubadilisha watu, au ni sisi wakubwa tunaotia chumvi? Na mimi nifanye nini?

Jibu: Wa aleikumu salaam, dada yangu, na Mwenyezi Mungu aijaalie heri ndoa ya mwanetu. Nianze na la kakako: usiuze televisheni. Hofu yake ina msingi, ila amekinyoshea kidole kitu sicho. Vipindi vina nguvu, na hilo limepimwa likaonekana. Lakini nguvu yenyewe haipiti pale tunapodhani yapita, na usipoijua njia yake utagombana na kifaa na mwanao pamoja, bure.

Tuanze Brazil, ambako jambo hili lilichunguzwa kwa kina. Kituo cha Globo kilianza kurusha matangazo 1965, na mawimbi yake yakaenea nchini kidogo kidogo, wilaya hii leo na ile miaka kadhaa baadaye. Kwa hivyo watafiti waliweza kulinganisha waliopata mapema na waliochelewa. Walichambua tamthilia 115 za jioni za kati ya 1965 na 1999. Kati ya wahusika wakuu wa kike wenye miaka 50 kurudi chini, asilimia 72 hawakuwa na mtoto hata mmoja, na asilimia 21 walikuwa na mmoja tu. Huko nje, mwanamke wa Brazil mwaka 1960 alizaa kwa wastani watoto 6.3. Kufikia 2000 walikuwa 2.3. Sababu zilikuwa nyingi, lakini Globo ilikuwemo: kila ilipofika, uzazi ulishuka kupita kule isikofika, hasa kwa wanawake wasio na uwezo. Hakuna mhusika aliyesimama akawahubiria watu wazae wachache. Walionyeshwa tu, jioni baada ya jioni, nyumba zenye mtoto mmoja na maisha yakaendelea. Wazazi wakaanza hata kuwapa watoto wao majina ya wahusika.

Karibu na kwetu, na kwa lugha yetu, kuna Twende na Wakati, mchezo uliosikika Radio Tanzania kuanzia 1993. Mhusika aliyekaa vinywani mwa watu ni Mkwaju, dereva wa lori mwenye mwanamke kila kituo, akaishia kuugua UKIMWI, huku mkewe Tunu akijitoa na kuanzisha biashara yake ndogo. Mkoa wa Dodoma haukurushiwa mchezo huo mpaka 1995, makusudi, upate kuwa kipimo cha kulinganishia. Ilionekana kuwa mikoa iliyousikia ilipanda katika matumizi ya uzazi wa mpango kuliko Dodoma, na Dodoma nayo ilipofunguliwa mawimbi ikafuata. Watafiti waliona pia kwamba kazi kubwa ilifanyika baada ya redio kuzimwa, watu walipoanza kuyazungumza yale ya Mkwaju na wake zao, waume zao na majirani. Hili la mazungumzo nitalirudia, kwa sababu ndilo litakalokufaa wewe.

Sasa njia yenyewe. Hapa twende Rwanda, nchi iliyoujua ubaya wa burudani kuliko nyingi. Redio RTLM ilipoanza 1993 iliwavuta vijana kwa muziki walioupenda na watangazaji wacheshi, na ndani ya furaha hiyo ikapenyezwa chuki iliyochochea mauaji ya 1994. Miaka kumi baadaye, 2004, ukaanza mchezo wa redio wa kupatanisha watu, Musekeweya. Mtafiti Betsy Levy Paluck alifuatilia vikundi vya wasikilizaji kwa mwaka mzima, vingine vikiusikiliza mchezo huo na vingine vikisikiliza mchezo wa mambo ya afya. Alichokikuta nakuomba ukisome mara mbili. Imani za watu za moyoni hazikubadilika sana. Kilichobadilika ni hesabu yao ya jamii inaonaje: lipi linakubalika, lipi watu hulifanya, lipi mtu aweza kulisema mbele ya wenzake bila kuonekana mbaya. Na mwenendo ukafuata hesabu hiyo. Mwisho wa utafiti kila kikundi kilipewa redio na kanda za kumiliki pamoja. Waliosikiliza mchezo wa afya walielekea kumkabidhi kiongozi wa mtaa, yakaisha. Waliosikiliza Musekeweya walibishana waziwazi, kisha wakatafuta namna ya kuvitunza kwa ushirika.

Uganda nako, mwaka 2016, watu wa vijijini walionyeshwa filamu fupi kuhusu wake wanaopigwa na majirani wanaonyamaza. Fikra za watu kuhusu kupiga mke hazikugeuka sana, lakini walikuwa tayari zaidi kutoa taarifa, na wanawake waliamini kwamba wakisema hawatasutwa. Katika miezi iliyofuata wanawake walioripoti kupigwa nyumbani walipungua.

Basi hiyo ndiyo njia. Tamthilia haimwambii binti yako kwamba vugo ni baya. Wala haijapata kulisikia. Imemwonyesha tu maharusi wengi mno wasio na vugo, mpaka moyoni mwake pamejengeka hesabu kwamba wasichana wa rika lake, duniani kote, huolewa hivi, na atakayefanya vingine atachekwa. Yawezekana hata yeye mwenyewe vugo analipenda. Anachohofia ni macho ya wenzake.

Njia hiyo hiyo yaweza kuumiza, tusijidanganye. Kisiwani Fiji, katika jimbo la Nadroga, mwili ulionona ulikuwa sifa njema na dalili ya kutunzwa na jamaa. Televisheni ilifika huko 1995. Daktari Anne Becker na wenzake waliwahoji wasichana wa shule mwaka huo, na wakarudi 1998. Mwanzo hakuna msichana aliyesema alijitapisha ili akonde. Baada ya miaka mitatu, zaidi ya 1 kati ya 10 alikuwa akifanya hivyo, na wengi walitaja waigizaji waliotaka kufanana nao. Wasichana wetu wanaojipaka krimu za kuchubua ngozi kabla ya harusi, uso ukababuka na bibi harusi akakaa wiki nzima hatoki juani, wamepita njia hiyo hiyo. Hapo mimi sina upole. Ukiona krimu hizo chumbani kwa mwanao, zitupe.

Lakini kakako akikuambia kwamba vya kigeni ndivyo vinavyotuua, mkumbushe mji wenyewe. Habib Swaleh, mwanachuoni wa dini, alikuja Lamu kutoka Ngazija, visiwani Komoro, akaujenga msikiti wa Riyadha hapo hapo Langoni kwenu, akaingiza maulidi ya al-Habshi na matari yake. Wakubwa wa mji walikuwepo waliomkataa, kwao hiyo ilikuwa ngoma imeingizwa msikitini. Leo Maulidi ya Lamu huleta watu kutoka pwani yote na ng'ambo, na atakayeyagusa atagombana na mji mzima. Mwishoni mwa karne ya 19 vijana wa Mombasa na Lamu walianzisha beni: tarumbeta, gwaride, mavazi na vyeo vya kuiga jeshi la Waingereza, mtaa ukishindana na mtaa. Kama kungekuwa na Mwalimu wa kuulizwa maswali zama zile, angeulizwa na mama mmoja wa Langoni kwa nini mwanawe ajiita jenerali.

Na hao Wahindi je? Mama zetu walizipenda filamu za Kihindi bila kujua neno la Kihindi, na wanaume walijazana katika sinema za Regal na Naaz kule Mombasa. Mwimbaji wa taarab Juma Bhalo, Mungu amrehemu, alizichukua tuni za filamu hizo na kuzitilia mashairi ya Kiswahili, mengine ya mshairi Ahmad Nassir, mashairi ya mafumbo yaliyotaka mtu akae ayafikirie. Hakuna aliyesikiliza kanda za Bhalo akahisi ameacha kuwa Mswahili. Upande wa pili mwimbaji Zein l'Abdin, mzaliwa wa Lamu, alishika udi na mahadhi ya Kiarabu. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab wa Zanzibar, alikuwa amewatangulia wote. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi sahani za santuri, naye ni mwanamke aliyetoka shamba, masikini, na sauti yake ikasikika katika majumba ambayo yeye mwenyewe asingekaribishwa kuketi.

Kila mara kilikuja kitu cha watu, na kila mara tulikijibu. Tuni ya kigeni ilipewa maneno yetu. Kanda za kaseti zilipofika, miaka ya 1970, zilikuwa chombo cha kigeni kama simu ya leo. Lamu ilizifanyia nini? Uchaguzi wa Lamu Mashariki ukapiganwa kwa mashairi ya siasa yaitwayo Kimwondo, yakirekodiwa kwenye kanda na kuchezwa watu wakayasikiliza na kuyajibu. Ustadh Mahmoud Mau, imamu na mshairi wetu, alitunga mwaka 1974 wasia kwa wasichana kuhusu wanaume wa kuwalaghai, kwa Kiamu, lahaja yetu ya Lamu, ukarekodiwa ukasambaa majumbani. Alikuwa akiwajibu wasichana wa zama zake kwa chombo walichokipenda, kama mshairi Mwana Kupona alivyomtungia bintiye wasia wake 1858 kwa utenzi, chombo cha zama zake.

Kwa hivyo mimi siogopi Uturuki. Nitakueleza ninachoogopa kwa kukusimulia jambo dogo.

Nilikuwa mtaa wa Mkomani, hapo hapo Lamu, kwa jamaa zangu usiku mmoja baada ya isha. Wanawake na wasichana walikuwa wamekaa mkekani, sahani ya mahamri katikati, tamthilia ya Kituruki inaendelea, ya kasri na masuria. Mama mkwe katika kisa alikuwa akimsingizia mke wa mwanawe. Shangazi yangu, ambaye hakusoma skuli hata siku moja, alianza kugomba na kioo: "Mwongo huyo! Mwangalieni mato!" Msichana mmoja akasema huyo mke naye mjinga, angemwambia mumewe mapema. Shangazi akamgeukia: amwambie vipi, na mume amsikiza mamake? Kukawa na mjadala. Mmoja akataja kisa cha jirani bila kutaja jina, wote wakajua ni nani, wakacheka, kisha wakanyamaza kwa huruma. Msichana yule akauliza, kwa sauti ya chini, kama mume wa hivyo aweza kubadilika. Aliyemjibu alikuwa mwanamke aliyeachwa mara mbili, na alimjibu kwa maneno ambayo hakuna mwalimu wa ndoa angeyapata. Kipindi kilikuwa kimekwisha zamani, matangazo ya biashara yanapita, hakuna aliyeangalia. Nami nikasema moyoni kwamba hii ni shule, na ada yake ni malipo ya kingamuzi.

Kisha wasichana wakaondoka wakaenda chumbani. Nilipopita mlangoni walikuwa wanne kitandani, kila mmoja na simu yake na waya masikioni. Video fupi zilipita kwa kidole, moja kila sekunde kadhaa. Hakuna aliyesema neno. Hapo hapakuwa na shangazi wa kupinga kitu.

Ni huko chumbani, dada yangu, gauni jeupe lilikotoka, kuliko kwenye tamthilia ya sebuleni. Programu hizi hazijui Lamu wala haya wala desturi. Zinachokitazama ni kidole kimesita wapi. Msichana akitazama harusi moja ya ukumbini mpaka mwisho, yamletea nyingine kumi, na akizitazama hizo, yamletea mia. Baada ya mwezi aamini kwa dhati kwamba dunia nzima huolewa chini ya taa za rangi, na hayuko mtu wa kumwambia kwamba hiyo ni dunia aliyokatiwa yeye peke yake kwa kipimo cha kidole chake. Kwenye redio ya Mkwaju, mji mzima ulisikia kisa kimoja siku moja na kesho yake wakakizungumza kisimani na barazani. Hapa kila mtu ana kisa chake, na mtu hawezi kujadiliana na jirani juu ya kitu ambacho jirani hakukiona.

Ndipo nikakuambia televisheni ya sebuleni usiiuze. Kaa nayo. Kaa mkekani utazame na mabinti zako, na ubishane. Usihubiri, mabinti wanaijua hotuba kabla hujafungua kinywa. Uliza tu: huyu angekuwa mume wako ungefanyaje? Mama yake je, ana haki? Nao watakuambia mambo kuhusu wao wenyewe ambayo kwa swali la moja kwa moja hawangekuambia. Kama kipindi ni kibaya, kizime, una haki hiyo nyumbani kwako. Angalia pia alama za bodi ya filamu ya Kenya: GE ni ya watu wote, PG mtoto atazame na mzazi, 16 na 18 zajieleza. Na kanuni za utangazaji zataka vya watu wazima vingoje baada ya saa nne za usiku, kwa hivyo saa hiyo wa miaka 11 awe amelala.

La harusi. Mwambie binti akuonyeshe hizo video zote alizozihifadhi, mzitazame pamoja alasiri moja, bila wewe kuguna. Katika kila moja muulizane nani alilipa. Ukumbi, mpambaji, keki ya ghorofa, mpiga video na nauli yake na malazi yake. Nyingi ya harusi hizo ni tangazo la mwenye ukumbi au la mshona magauni, na zile za kweli huacha madeni yasiyoonyeshwa. Akiziona hesabu kwa karatasi, atachagua mwenyewe lipi la maana kwake. Gauni jeupe, kama ni la heshima, sioni kwa nini mligombanie. Harusi ya Lamu ina siku nyingi, na nafasi ya gauni haikosekani.

Lakini vugo lipiganie, na ulipiganie vizuri. Nadhani analiita la kizee kwa sababu amelizoea kuliona likipigwa na watu wazima tu, au kwenye tamasha la utamaduni la Lamu mbele ya kamera za wageni. Tamasha lina faida yake, limewapa watu kipato na fahari tangu mji ulipotiwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2001. Ila ngoma inayochezewa wageni pekee vijana huiona ni ya wageni. Kwa hivyo usimwambie "ni desturi yetu". Waite wenzake wa rika, hao hao anaokesha nao kwenye simu, wafundishwe na kina mama kupiga pembe, kishindo cha kijiti juu ya pembe na mstari wa wanawake ukijongea hatua kwa hatua. Watungiwe nyimbo zitakazomtaja kwa jina, zimsifu, zimtanie bwana harusi na upande wa mume kwa tashtiti za ustaarabu, kama vugo lilivyokuwa siku zote. Katika video zake zote hizo hakuna harusi iliyotungiwa bibi harusi wimbo wake peke yake. Akilisikia jina lake likiimbwa na wenzake, hesabu ile ya "wenzangu wanafanyaje" itabadilika, maana wenzake ndio watakaokuwa wanafanya. Na simu za wageni zikusanywe mlangoni, kama wengi wanavyofanya sasa, picha za wanawake waliojifungua nywele zisije zikazagaa. Achaguliwe mwanamke mmoja mnayemwamini arekodi, na vipande visivyoonyesha watu binti yako mwenyewe avisambaze kama atapenda. Msichana mwingine wa Shela au Faza atakaposita hapo kidole, naye atakuwa amejibiwa.

Kuhusu mdogo wake na lahaja, nisikutishe. Kusema kama mtu wa Dar es Salaam ni lugha ya pili ameongeza, na itamfaa skuli na kazini. Hatari ni kama Kiamu hakisikii mara kwa mara kwa mtu anayempenda. Akimaliza kutazama kipindi, mwambie akakisimulie kwa bibi yake kwa Kiamu, na bibi amrekebishe palipokosewa. Watoto hupenda kusimulia, na bibi hupenda kusikilizwa.

TikTok kwake ni hapana. Kampuni yenyewe imeweka umri wa chini kuwa miaka 13, naye ana 11, kwa hivyo huna hata haja ya kutafuta hoja. Akifika 13 ukaona umfungulie, iwe kwenye simu yako na si yake, bila waya masikioni, na itazamwe sebuleni mbele ya dada yake na bibi yake, ili kila kinachopita apatikane mtu wa kusema "mwongo huyo" au "hilo zuri, rudisha tuone tena".